Riwaya ni ndoto tunayoota pamoja, mbona mwanafunzi haruhusiwi kuuliza?

NENO ndoto limelemewa na kazi siku hizi. Shika njia kutoka Muthurwa, ufuate Barabara ya Jogoo hadi Donholm, nawe utalisoma kwenye kuta za shule za chekechea, kwenye mabango ya vyuo vya ususi na kompyuta, na kwenye migongo ya matatu. Fuata ndoto yako. Timiza ndoto zako. Usikubali mtu aiue ndoto yako.

Muulize mtoto wa Jericho au wa Kayole ndoto yake ni ipi, naye atakujibu bila kupepesa jicho: daktari, rubani, mwanakandanda wa Ulaya. Hatakusimulia alichokiona jana usiku akiwa amelala. Akithubutu kukusimulia, wenzake watamcheka: "Wewe unaota!"

Sina ugomvi na maana hiyo mpya. Lugha hai hutanuka, na hata marehemu Ken Walibora aliitumia katika anwani ya Ndoto ya Amerika, hadithi yake ya watoto. Hofu yangu ni kwamba mgeni amekaa kitini muda mrefu hadi mwenyeji amesahauliwa uani. Kabla haijawa jina la kazi na mshahara, ndoto ilikuwa mahali, tena mahali pa kujifunzia.

Kusahau huko kuna gharama, na gharama yenyewe inalipwa darasani. Riwaya kadhaa za Kiswahili, tena zilizo bora, zimejengwa kama ndoto ambamo mtu hufundishwa jambo. Tunapozisomesha bila kujiuliza ndoto ni nini na mwota ana haki gani, tunamfungia mwanafunzi chumbani na kuondoka na ufunguo. Hiyo ndiyo hoja ninayotaka kuitetea juma hili.

Tuanze na msamiati, maadamu huu ni ukumbi wa lugha. Kiswahili hakikuwa fukara katika uwanja huu. Tuna ndoto na tuna njozi. Tuna ruya, neno lenye asili ya Kiarabu. Tuna jinamizi, lile linalomkalia mtu kifuani asiweze kupiga yowe. Tuna kitenzi kuweweseka, yaani kusema maneno usingizini.

Tuna pia mang'amung'amu, hali ya aliye katikati, hajalala wala hajaamka. Wangapi kati ya wanafunzi wetu wanalijua neno hilo? Na wangapi wanaijua hali yenyewe, hasa wale wanaoamka saa kumi za usiku ili wawahi matatu ya kwanza?

Halafu tuna ndoto za Alinacha. Msemo huu unatokana na kisa cha Alfu Lela U Lela. Alinacha aliketi mbele ya kikapu cha vyombo vya kioo alivyotaka kuviuza. Akapiga hesabu ya faida, faida ikazaa faida, akajiona tajiri, akajiona amemwoa binti wa waziri, akajiona akimpiga bibi huyo teke kwa maringo. Teke likakipata kikapu, na mtaji wote ukawa vigae.

Hebu tumtazame Alinacha kwa makini, manake anatufaa. Hakuwa amelala. Alikuwa macho kabisa, jua la mchana likimwangaza. Kosa lake halikuwa kuota. Kosa lake lilikuwa kuota asijue kuwa anaota. Angelijua, angeuweka mguu wake mbali na kikapu.

Kinyume cha Alinacha ni mtu aliyelala fofofo lakini anajua kuwa anaota. Wengi wetu tumewahi kuonja hali hiyo kwa sekunde chache: unaanguka kutoka ghorofani, kisha sauti ndani yako inakwambia, tulia, hii ni ndoto tu. Mwandishi na daktari wa Uholanzi, Frederik van Eeden, aliielezea hali hiyo katika makala ya 1913, na jina alilolitumia huko, lenye maana ya ndoto iliyo wazi au ang'avu, ndilo linalotumiwa na wanasayansi hadi leo.

Kwa muda mrefu wataalamu waliidhania kuwa porojo. Mwaka 1975, Keith Hearne wa Chuo Kikuu cha Hull, Uingereza, alirekodi miondoko ya macho ambayo mwota mmoja alikuwa ameahidi kuifanya pindi atakapotambua kwamba anaota. Miaka michache baadaye Stephen LaBerge wa Stanford, Marekani, akathibitisha jambo lilo hilo kwa njia yake.

Mwaka 2010 Daniel Erlacher na Michael Schredl walichapisha jaribio dogo la kutupa sarafu kikombeni. Waliofaulu kufanya zoezi hilo ndani ya ndoto waliamka na shabaha bora kuliko walivyolala nayo. Mnamo 2021 maabara nne, za Marekani, Ufaransa, Ujerumani na Uholanzi, zilitoa ripoti ya pamoja kuhusu watu 36 waliojaribiwa. Waota waliulizwa maswali wakiwa usingizini, mathalani nane kutoa sita ni ngapi, nao wakajibu kwa kusogeza macho au misuli ya uso. Kati ya majaribio 158, majibu sahihi yalikuwa takribani 29. Si mengi. Lakini ni swali na jibu, na swali na jibu ndiyo mwanzo wa darasa.

Kiswahili kinahitaji jina la jambo hili. Wapo wanaoliita ndoto angavu, lakini naona uangavu unaelekeza fikira kwenye mwanga, ilhali kinachosemwa hapa ni utambuzi. Mimi napendekeza ndoto ng'amuzi, kutokana na kung'amua. Anayeng'amua hupenya akalijua jambo lililofichika. Mwenye jina bora na alilete. Hili nitalitumia hadi nitakapolisikia lake.

Sasa tufanye kwamba ipo nchi ya kubuni ambayo shule zake hufunguliwa watu wanapolala. Kengele ikilia saa tatu usiku, mtaa mzima unaingia katika ndoto moja. Mwalimu anataka kufundisha habari za bahari, basi bahari inafika hapo hapo Umoja. Anataka kufundisha habari za njaa, basi wote wanaona njaa. Hakuna karo, hakuna msongamano wa wanafunzi themanini katika chumba kimoja, hakuna mvua inayovuja.

Shule hiyo ingeweza kuwa ya namna mbili. Katika namna ya kwanza, mwalimu peke yake ndiye anayejua kwamba hii ni ndoto. Wanafunzi wanayaamini yote, kwa sababu ndotoni kila kitu huaminika. Mto ukigeuka barabara, hawashangai. Mwovu akivishwa joho la mwema, wanampigia makofi. Asubuhi wanaamka wakiwa wametii, na hawajui walianza kutii lini.

Katika namna ya pili, kila mmoja anajua yumo ndotoni. Bahari ikifika Umoja, kuna mtoto atakayesimama na kuuliza: imetoka wapi, na mbona haina harufu ya chumvi? Mwalimu atalazimika kujibu au kuibadilisha bahari yake. Namna ya kwanza ni kasumba hata kama somo lenyewe ni jema. Namna ya pili ndiyo elimu. Huo ndio mzani nitakaoutumia kuzipima riwaya zetu, kwa kuwa waandishi wetu wameijenga shule hiyo zaidi ya mara moja.

Aliyeweka msingi ni Shaaban Robert. Kusadikika, iliyochapishwa 1951, si ndoto kwa jina, lakini ni nchi inayoelea angani ambayo msomaji anaombwa aisadiki huku akijua haipo. Kiini chake ni kesi ya elimu. Karama anashtakiwa na Waziri Majivuno kwa hatia ya kueneza mafunzo ya sheria. Katika utetezi wake anasimulia habari za wajumbe sita waliotumwa kwingine kutafuta maarifa, wakarudi nayo, wakatunukiwa kifungo.

Kwa mzani wangu Karama anapita. Yeye ni mwalimu, lakini anafundisha akiwa kizimbani, mbele ya watu wenye nguvu za kumwangamiza. Kila anachokisema kinaweza kupingwa. Mwalimu wa aina hiyo hana nafasi ya kumlewesha mtu.

Wanafunzi wa mitaa ya Mashariki mwa Nairobi hawapaswi kuona ugumu wowote katika majina kama Majivuno na Karama. Itazame ramani ya makwao: Uhuru, Umoja, Harambee, Bahati, Maringo, Shauri Moyo, Jerusalem, Jericho. Mgeni aliyesoma Shaaban Robert akiisikia orodha hiyo atadhani anatajiwa wahusika wa kitabu ambacho hajakipata. Mtoto anayetoka Bahati, akapitia Maringo kwenda Uhuru, tayari anaishi ndani ya istiara. Kinachokosekana ni mtu wa kumwambia hivyo.

Twende kwa Katama Mkangi na Walenisi, riwaya ya 1995. Dzombo anahukumiwa kifo na kurushwa ndani ya chombo kinachokusudiwa kuwa kaburi lake. Badala ya kufa anatua Walenisi, ulimwengu wa usawa, na huko anaoneshwa jinsi binadamu wangeweza kuishi. Anwani yenyewe ni fumbo dogo ambalo mwanafunzi akilifumbua hulikumbuka maisha yake yote: wale ni sisi.

Naipenda riwaya hii, ndiyo maana nitaisema. Walenisi ina jibu kwa kila kitu. Dzombo ni mgeni mwema kupita kiasi. Hushangaa pale anapotarajiwa kushangaa, na maswali yake mengi ni ngazi ya kumpandisha mwenyeji kwenye hotuba inayofuata. Kama ndoto, ni nzuri ajabu. Kama darasa, ni mhadhara.

Kuna anayeweza kunijibu kwamba Mkangi, mwanasosholojia aliyewekwa kizuizini 1986, hakuwa na anasa ya kuuliza maswali yasiyo na majibu. Nakubali nusu. Aliyenyimwa kusema akipata nafasi husema yote. Lakini msomaji wa leo, ambaye ameshahubiriwa na wanasiasa, wahubiri na wauzaji wa bima, anahitaji zaidi ya nchi nzuri. Anahitaji ruhusa ya kuitilia shaka nchi nzuri. Anwani ya Mkangi inampa ruhusa hiyo kuliko sura zinazoifuata: ikiwa wale ni sisi, basi na makosa yetu yamo Walenisi. Yako wapi?

Babu Alipofufuka ya Said Ahmed Mohamed, iliyotoka 2001, imefumwa kwa njia nyingine. K ni mtu mkubwa, mwenye cheo na starehe. Babu yake, aliyekufa zamani, anafufuka kama mzuka na kumjia, kisha anamtoa katika raha zake na kumzungusha aone nchi ambayo yeye na wenzake wameifanya kuwa kama ilivyo. Mara nyingi msomaji hana hakika kama K yuko macho au amelala, na K mwenyewe pia hana hakika.

Hapa mwanafunzi hataki kufundishwa. K anabisha, anaogopa, anatafuta njia ya kurudi kwenye maisha yake ya jana. Ukaidi huo ndio unaolifanya somo liwe somo. Dzombo anaipokea elimu kwa mikono miwili; K inabidi apokonywe ujinga wake. Mwalimu yeyote aliyewahi kuingia kidato cha pili Ijumaa alasiri anamjua K.

Nilikisoma kitabu hicho na kundi la vijana wapatao kumi na mmoja, Jumamosi kadhaa, katika ukumbi wa mtaani usio mbali na Barabara ya Jogoo. Wengine walikuwa bado shuleni, wengine wamemaliza na wanasubiri chochote kitakachotokea. Tulisoma kwa sauti, kila mmoja ukurasa wake. Mwanzoni walikuwa kimya, ule ukimya wa heshima ambao walimu huupenda na ambao hauna faida.

Jumamosi ya tatu msichana mmoja alifunga kitabu, kidole kikiwa bado ndani, akasema: "Mwalimu, kwani huyu K hajui ako kwa ndoto?"

"Akijua si ataamka?" mwenzake akamjibu.

"Zii. Akijua ndo ataanza kuuliza maswali."

Kijana aliyekuwa ameketi karibu na dirisha, ambaye hakuwa amesema neno tangu tuanze, akauliza: "Na hawa watu wa mtaa K anaonyeshwa, wao wanaota nini?"

Nimesoma uhakiki mwingi wa Babu Alipofufuka. Sikumbuki niliposoma swali lenye makali kama hilo. Maana ni kweli: wanyonge wanaoneshwa K, lakini K haoneshwi kwao kama mwanafunzi mwenzao. Wanakuwa vielelezo, kama mifupa ya plastiki katika maabara ya bayolojia. Babu anawajua, mwandishi anawahurumia, ila darasa la ndotoni lina dawati moja tu, na amekalia mtu mkubwa. Riwaya inayotetea wengi imemsomesha mmoja.

Hilo haliiangushi riwaya. Linaonesha mahali mlango wake ulipo. Na mlango huo umeonwa na kijana wa Eastlands kwa sababu yeye ni mmoja wa watu wanaoneshwa. Amezoea. Wageni hufika mtaani kwake na kamera, wanatazama, wanasikitika, wanaondoka.

Nilichokiona siku hiyo ndicho kitu kilicho karibu zaidi na ile nchi yetu ya kubuni. Hakuna aliyethibitisha kwamba watu wawili waliolala wanaweza kuota ndoto moja. Lakini watu kumi na mmoja waliokuwa macho walikuwa ndani ya usiku mmoja wa K, wote wakijua kwamba usiku huo umetengenezwa na mtu, wote wakiwa na haki ya kumuuliza aliyeutengeneza. Riwaya ikisomwa hivyo ni ndoto ng'amuzi ya pamoja. Sijui chombo kingine kinachoiweza kazi hiyo kwa bei ya kitabu kimoja.

Euphrase Kezilahabi alilijua hili kuliko wote. Katika Nagona (1990) na Mzingile (1991) aliuvunja wakati, akauvunja na mahali, akamwacha msimulizi atangetange katika ulimwengu ambao hauna mwalimu mwenye ufunguo. Wahakiki wametafuta majina ya mtindo huo, uhalisiajabu likiwa mojawapo. Kwa mwanafunzi jina si muhimu sana. Muhimu ni kwamba kitabu hakikuachi usahau kuwa umo ndotoni, na usipouliza huendi popote. Ni shule ngumu. Wengi huitoroka. Lakini mwenye kumaliza hatoki akiwa amemezeshwa kitu.

Bina-Adamu! ya Kyallo Wadi Wamitila (2002) iko njia panda. Msimulizi anasafiri katika kijiji cha utandawazi, akiongozwa na Hanna, kumsaka P.P. anayeuvuruga ulimwengu. Ndoto hii imejaa mwangwi wa vitabu vingine, hata P.P. mwenyewe ametoka katika hadithi ya watoto ya Kizungu. Aliyesoma vingi ataota zaidi. Aliyesoma vichache ataona kizungumkuti tu, na hilo ni tatizo la kweli, kwa sababu si kila mtaa una vitabu.

Ndiyo maana sioni kama ni jambo dogo kwamba maktaba za Kaloleni na Makadara, matawi ya ile McMillan iliyofunguliwa 1931 kwa ajili ya Wazungu, zimefufuliwa na shirika la Book Bunk. Babu wa kijana wa leo hangeruhusiwa kuupita mlango wa ile kubwa ya katikati ya jiji. Mjukuu ana rafu za vitabu karibu na nyumbani. Ndoto ya pamoja huhitaji mahali pa kulazia kitabu wazi.

Sasa tuje darasani. Wanaoujua mtihani wa KCSE wanaijua Karatasi ya Tatu, ile ya fasihi. Wanalijua swali lake mashuhuri: eleza muktadha wa dondoo hili, alama nne. Nani anasema, anamwambia nani, wapi, kwa nini. Siyo swali baya. Linamfunza mtoto kutazama kabla ya kupayuka, na mitaani hilo ni adimu.

Ubaya ni kwamba maswali yote yanaelekea upande mmoja. Mtihani unauliza, mwanafunzi anajibu. Hakuna mahali anapopewa alama kwa kuuliza. Kwa miaka minne tunamzoesha kuwa mtu wa ile shule ya kwanza, anayepita katikati ya maajabu bila kushangaa, akikariri nani alimwambia nani.

Halafu kuna miongozo. Sizungumzii miongozo yote, maana iko iliyoandikwa na walimu wenye ujuzi na inayomsaidia aliye peke yake. Nazungumzia ile inayonunuliwa kabla ya kitabu chenyewe, wakati mwingine badala ya kitabu chenyewe. Hiyo ni ndoto iliyotafsiriwa kabla mtu hajalala. Hata Nabii Yusuf, pamoja na kipaji chake, alimsubiri mfalme aote kwanza ng'ombe wake saba wanono na saba waliokonda.

Kizuizi cha pili ni kikubwa zaidi, nacho ni cha lugha. Turudi kwenye swali la yule msichana. Aliliuliza katika ukumbi wa mtaani. Angeliuliza darasani kwa maneno yale yale, ako kwa ndoto, kuna uwezekano mkubwa kwamba angesahihishwa kabla ya kusikika. "Sema kwa Kiswahili sanifu!" Angekaa chini, na swali lingekaa naye.

Mimi ni muumini wa Kiswahili sanifu na nitakufa nikikitetea. Lakini nauliza: tunataka nini kije kwanza, swali au upatanisho wa kisarufi? Mwenye kuota hachagui lugha ya kuotea. Mtoto wa Dandora anashangaa kwa Sheng, kwa sababu hiyo ndiyo lugha iliyo karibu na ulimi wake. Ukiufunga mdomo huo, huongezi usanifu, unapunguza mshangao.

Najua pingamizi litakalokuja. Tukifungua dirisha hilo, Sheng itaingia hadi kwenye insha, na mwisho wa yote lugha itaharibika. Pingamizi hilo lina uzito, kwa kuwa walimu husahihisha insha hizo usiku kucha na wanajua wanachokisema.

Jibu langu ni hili: swali liulizwe kwa lugha yoyote ya mtaani, kisha aliyeuliza alitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili sanifu mbele ya wenzake. Hapo ndipo usanifu unapokuwa mtamu. Mfano ni sentensi ile ile. Ako kwa ndoto. Sheng ina neno moja, ako, linalobeba kila aina ya kuwepo. Kiswahili sanifu kinamdai msemaji achague: yupo, yuko au yumo.

Tuliufanya mchezo huo pale ukumbini. Yupo ndotoni? Hapana, hatuoneshi mahali mahususi. Yuko ndotoni? Labda, kama ndoto iko mbali na sisi tunaitazama kutoka nje. Yumo ndotoni? Naam, yumo ndani, imemzunguka pande zote, ndiyo maana haioni. Msichana akatafakari, akasema: "Basi K yumo, lakini sisi tuko."

Hakuna kitabu cha sarufi kitakachomfundisha viambishi hivyo vya mahali vizuri kuliko alivyojifundisha kwa swali lake. Na hakuna mwongozo utakaoieleza Babu Alipofufuka kwa ufupi kuliko huo. Mhusika yumo. Msomaji yuko. Umbali kati ya mo na ko ndipo elimu inapofanyika. Alinacha hakuwa na umbali huo, na vyombo vyake vikavunjika.

Kwa hiyo ombi langu kwa walimu wa fasihi, hasa wanaofundisha katika mitaa ambayo vitabu ni vichache na watoto ni wengi, ni dogo. Kipindi kimoja kwa juma, kabla ya dondoo na alama nne, mwalimu asiulize chochote. Kitabu kisomwe kwa sauti, mwanafunzi yeyote aweze kukisimamisha, aulize kwa ulimi alio nao, kisha alitafsiri swali lake na kuliandika ubaoni. Mwalimu naye ajibu akiweza, na asipoweza swali libaki ubaoni hadi juma lijalo.

Wahenga walisema asiyeuliza hanalo ajifunzalo. Mitaala yetu, ya zamani na hii mpya ya umilisi, inaurudia wosia huo kwa maneno makubwa zaidi. Tofauti itaonekana siku ambayo mtoto wa Kayole atasimama katikati ya riwaya, aseme haiamini bahari hii, na darasa zima limgeukie mwalimu kusubiri jibu.